Ulipotelea Wapi?

Mama anayekuuzia ndizi hajui jina lako, wala wewe lake. Ukikosa kupita siku tatu, ya nne atakuuliza, "Ulipotelea wapi?" Sisi wa elimu ya nafsi huuita huo uhusiano hafifu, jina lisilotosha thamani yake. Mwaka 2014 watafiti Gillian Sandstrom na Elizabeth Dunn waliwagawa wanunuzi wa kahawa makundi mawili: hawa wazungumze kidogo na muuzaji, hawa wamalize haraka waende. Waliozungumza walitoka na furaha zaidi, wakijiona ni watu miongoni mwa watu.

Sisi wa Butembo na Beni, mashariki mwa Kongo, tulilijua hilo kwa uchungu. Ebola ilipotangazwa tarehe 1 Agosti 2018, tuliambiwa tuache kupeana mikono, na kwetu salamu bila mkono ni nusu salamu. Tukagusana viwiko. Mpaka tarehe 25 Juni 2020, ugonjwa ulipotangazwa kwisha, watu 2,287 walikuwa wamekufa. Waliopona nao walirudi mtaani wakakuta jirani amevuka barabara, na mnunuzi anaogopa kupokea chenji mkononi mwao. Hakuna aliyewatukana. Walipitwa tu, kila siku, na huo ni upweke unaokula mtu taratibu.

Katika vifaa vyote vya wakati ule, mimi nakikumbuka chumba cha plastiki angavu ambacho shirika la ALIMA lilikileta Beni. Mgonjwa aliyekuwa haoni ila macho ya wauguzi nyuma ya miwani, sasa alimwona mama yake nje, akasikia sauti yake. Nao waliopona, kwa kuwa miili yao ilikuwa na kinga, waliitwa kulea watoto wa wagonjwa katika vituo vilivyosaidiwa na UNICEF. Waliokwepwa sokoni ndio walioweza kumpakata mtoto bila yale mavazi mazito.

Leo nawafikiria waliokimbia vita vijijini wakaingia mjini. Chakula na turubai huhesabiwa. Mtu wa kuwauliza walipotelea wapi hahesabiwi. Kwa mama aliyefika juzi, ushauri wangu ni huu: nunua sombe kwa muuzaji yuleyule, saa ileile, hata fungu moja dogo. Msalimie, muulize watoto wameamkaje. Siku ya tano au ya sita, ataanza yeye.