Mtoto wa Duka na Reli ya Tunduma

Ukifika Tunduma alfajiri, kabla jua halijachomoza upande wa Vwawa, wa kwanza kukupokea ni malori. Yamejipanga kandokando ya barabara kuu kuanzia geti la mpaka, na siku mbaya foleni hurudi nyuma hadi Chapwa, ikapita na kuelekea Mpemba. Utingo amechutama chini ya tela akichemsha chai. Dereva bado amejifunika blanketi nyuma ya usukani. Mama ntilie anapita na ndoo ya chapati, anagonga mlango wa lori moja baada ya jingine: “Baba, chai ipo.” Ndani ya matela kuna mafuta, mbolea, au shaba iliyofungwa turubai, inayosubiri muhuri.

Na si mbali na foleni hiyo, ipo reli ya TAZARA. Ilijengwa mahususi ili shaba hiyo ipande treni.

Kila nikisimama hapo humkumbuka Amir Jamal, waziri aliyeitafutia reli hiyo fedha. Vijana wengi wa leo hawalijui jina hilo, na kwangu ni hasara kubwa. Amir Habib Jamal alizaliwa mwaka 1922, katika familia ya wafanyabiashara wenye asili ya Gujarati. Alisoma India, akarudi kufanya kazi katika biashara ya nyumbani, kisha siasa ikamchukua. Aliingia Baraza la Kutunga Sheria kwa uchaguzi wa 1958, ule wa kura tatu, ambapo kila mpiga kura alilazimika kumchagua Mwafrika mmoja, Mzungu mmoja na Mwasia mmoja. TANU ilimuunga mkono wakati yeye mwenyewe alikuwa haruhusiwi kuwa mwanachama kwa sababu ya asili yake. Hakununa, alifanya kazi. Mwaka 1965 alikabidhiwa Wizara ya Fedha, akaondoka na kurudi, akaishika kwa vipindi vitatu hadi mwaka 1983.

Mwaka huohuo wa 1965, mwezi Novemba, Ian Smith alijitangazia uhuru wa walowezi kule Rhodesia, na Zambia ikajikuta njia yake ya bahari imo mikononi mwa adui. Jibu lilikuwa kugeukia Dar es Salaam, na yote yaliyojengwa kwa ajili hiyo yalipita pande hizi zetu. Bomba la mafuta la TAZAMA lilikamilika mwaka 1968. Barabara ya Zambia, ambayo madereva wa kwanza waliipitia kwenye tope na mabonde kwa roho mkononi, ikawekwa lami. Reli ndiyo iliyokuwa ndoto kubwa kuliko zote. Benki ya Dunia ilikwisha kusema mwaka 1964 kwamba haitalipa. Uchina ikasema itajenga. Makubaliano ya awali yalisainiwa Beijing Septemba 1967, na mwaka 1970 ukapatikana mkopo usio na riba wa yuan milioni 988.

Kuna jambo moja katika mpango huo ambalo halisimuliwi vya kutosha. Mishahara ya vibarua, chakula chao, kokoto na mbao za hapa nchini vilihitaji shilingi, na Uchina haikuwa na shilingi. Ikakubaliwa kwamba italeta bidhaa, Tanzania na Zambia zitaziuza madukani, na mauzo hayo yatalipia gharama za ndani. Kwa hiyo sufuria ya Kichina iliyouzwa dukani ilikuwa sehemu ya ujira wa kijana aliyebeba mataruma porini. Bidhaa zikidoda, fedha ya reli nayo inadoda. Nadhani hesabu ya namna hii ilimfaa waziri aliyekulia kwenye biashara. Mwenye duka anajua kwamba mali ikishashushwa kwenye lori kazi ndiyo kwanza inaanza. Kilichobaki ni mnunuzi.

Ujenzi wenyewe ulikwenda kwa kasi ya kushangaza. Mataruma yalifika mpaka huu wetu Agosti 1973, na Julai 1976 kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi zikakabidhiwa rasmi, kabla ya wakati uliopangwa. Zaidi ya Wachina 60 walikufa katika kazi hiyo, na Waafrika wenzao walikufa pia. Sina neno lolote la kuwapunguzia heshima.

Shida zilianza baada ya sherehe. Vichwa vya treni vilivyoletwa vilihema kwenye mlima kati ya Mlimba na Makambako, ikabidi baadaye vitafutwe vingine vyenye nguvu zaidi kutoka Ujerumani. Mwaka 1978 Zambia ilifungua tena njia ya kusini kwa sababu mizigo yake ilikuwa inakwama. Mwaka uliofuata majeshi ya Rhodesia yalilipua daraja la reli kwenye mto Chambeshi. Mwishoni mwa miaka hiyo ya 1970 Jamal alipewa Wizara ya Mawasiliano na Uchukuzi, hivyo reli aliyoitafutia fedha ikamrudia mikononi ikiwa inachechemea. Ilipangwa ibebe tani milioni 2 kwa mwaka kila upande. Haikuwahi kufika hapo. Mwaka wa fedha 2014/15 jumla yake haikufikia hata tani 100,000.

Mizigo haikutoweka. Ilihamia kwenye lami, na lami ndiyo iliyoikuza Tunduma: gesti, gereji, wabadilisha fedha wanaohesabu kwacha na shilingi kwa vidole vyepesi, mawakala wa forodha, bodaboda, akina mama wa chapati. Katika mipango ya 1970 watu hawa hawakuwemo. Mpango ulihesabu shaba na injini, haukuhesabu fedha ya kubadilisha mataruma yaliyochakaa wala mji ambao ungeota mpakani.

Kosa hilohilo ninaliona kwenye kituo cha pamoja cha forodha, kilichozinduliwa hapa mpakani Oktoba 2019 na Marais Magufuli wa Tanzania na Lungu wa Zambia. Nia ilikuwa njema kabisa: lori likaguliwe mara moja tu, upande linakoingia. Majengo ni mazuri. Lakini jengo halifanyi kazi mtandao ukikatika, na barabara inayolifikia ni ileile inayotumiwa na mgonjwa anayekimbizwa hospitali, mwanafunzi na lori la tangi. Foleni hailijui jiwe la msingi.

Jamal alifariki mwaka 1995 akiwa Canada. Septemba 2024, mbele ya marais wa Tanzania, Zambia na Uchina, makubaliano mapya ya kuifufua TAZARA yalisainiwa Beijing, mji uleule wa 1967. Nawaomba wanaoshika kalamu safari hii waandike fungu la matengenezo kabla ya fungu la uzinduzi. Kisha waje Tunduma, walale usiku mmoja ndani ya lori pale Chapwa, na asubuhi wamuulize yule mama wa chapati treni ikirudi atauzia wapi.