Mwanao ameona ‘picha za wakubwa’, utamjibu nini?

Moshi. Mama mmoja anayeuza ndizi katika soko la Mbuyuni alimwazima simu mwanaye wa kidato cha pili ajisomee. Iliporudi, ilikuwa na video ya ngono. Alinyamaza siku tatu. Siku ya nne mtoto akaanza mwenyewe: “Mama, kwani watu wakioana ndivyo wanavyofanyiana?”

“Kumchapa ningeweza,” ananiambia. “Kumjibu sikujua.”

Msaada wa jibu umetoka mahali ambapo mzazi hategemei, kwa mtu anayetengeneza filamu hizo. Erika Lust ni mwongozaji kutoka Sweden anayefanya kazi Barcelona, Hispania. Mwaka 2013 alianzisha XConfessions. Watu wazima humwandikia bila kutaja majina mambo wanayoyawaza faraghani, naye huchagua baadhi na kuyafanya filamu fupi zilizopigwa kwa ustadi wa sinema. Waigizaji ni watu wazima, hulipwa, na hukubaliana kabla ya kamera kuwashwa nini kifanyike na nini hapana.

Tanzania, Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kuchapisha ponografia mtandaoni, hivyo huu si mwaliko wa kuzitafuta. Lakini mwaka 2017 Lust, ambaye ni mama wa mabinti wawili, pamoja na mumewe Pablo Dobner, walianzisha The Porn Conversation, mradi wa kuwasaidia wazazi kuzungumza na watoto kuhusu video hizi. Hata mwenye kuzitengeneza anajua kwamba si za watoto, na kwamba kukaa kimya hakutoshi.

Mtoto aambiwe nini? Kwanza, kwamba ile ni kazi ya kamera, si somo la ndoa. Pili, kwamba video nyingi za bure hazionyeshi kama wahusika waliulizwa na kukubali, wakati ridhaa ndiyo mwanzo wa yote. Tatu, kwamba asimtumie mtu yeyote, na akitumiwa aje aseme bila kuogopa fimbo.

Fimbo yenyewe ilikuwa na kazi nyingine kwa Wachagga wa zamani. Wazee waliwafunda vijana kwa mregho, fimbo iliyochongwa alama, na kila alama ilikuwa na fundisho lake. Mchungaji Mjerumani Bruno Gutmann, aliyeishi Old Moshi, aliyaandika mafunzo hayo ya jando. Kijana alikuwa na mzee wa kumweleza anachokiona. Mwenye simu yuko peke yake.

Jumapili, wakimenya ndizi za mtori, mama yule alijaribu. “Mwanangu, ile ni sinema. Wanaopendana huulizana kwanza, na mmoja akikataa, basi.”

Mtoto aliendelea kumenya, kisha akauliza swali la pili. Mama anasema hilo nalo lilimtoa jasho, lakini alilijibu.