Mbao za Kabaka Mutesa na Shahidi wa Bumbire

Miongoni mwa maandishi ya zamani ya Kiswahili katika nchi za bara yako ambayo sifa yake haikutokana na maneno yaliyomo, bali na habari zilizoandikwa juu yake. Mojawapo ni ufupisho wa Biblia uliotungwa mwaka 1875 kwa ajili ya Kabaka Mutesa wa Buganda. Habari zake zimo hasa katika kitabu cha Henry Morton Stanley, Through the Dark Continent, kilichopigwa chapa mwaka 1878. Basi atakaye kuupima mswada huo yampasa ampime kwanza shahidi wake, na mahali pafaapo pa kumpimia ni Bumbire.

Bumbire ni kisiwa cha Ziwa Victoria upande wa magharibi, katika wilaya ya Muleba mkoani Kagera. Zamani hizo kilikuwa chini ya utawala wa Ihangiro. Tarehe 28 Aprili 1875 Stanley, akitoka kwa Mutesa, alitia nanga hapo pamoja na mabaharia wachache kutafuta chakula. Wenyeji waliivuta mashua pwani, wakachukua makasia. Wageni wakajiokoa, na katika kujiokoa wakaua watu kwa bunduki. Tarehe 4 Agosti Stanley alirudi, safari hii akiwa na kundi kubwa la mitumbwi na askari, Waganda wakiwamo. Watu waliokusanyika ufukoni walipigwa risasi kutoka majini, mahali ambapo mishale na mikuki yao haikuweza kufika. Makumi waliuawa. Barua alizoziandikia magazeti kuhusu jambo hilo ziliposomwa Uingereza mwaka 1876 zilileta lawama kali, na hata katika Chama cha Kifalme cha Jiografia Henry Yule na H. M. Hyndman walisimama kulipinga. Simulizi la kitabuni, lililotoka miaka miwili baadaye, ni laini kuliko lile la barua.

Mwezi huo huo wa Agosti Stanley alifika tena kwa Mutesa, aliyekuwa vitani na watu wa Buvuma. Huko ndiko ulikofanyika ufupisho wenyewe. Kwa maelezo yake, ulianza na kuumbwa kwa ulimwengu ukaishia kusulubiwa kwa Yesu, na Injili ya Luka ilitafsiriwa yote. Msaidizi wake alikuwa kijana Dallington Maftaa, mwanafunzi wa misheni ya Vyuo Vikuu huko Unguja. Mwandishi wa Kabaka, jina lake Idi, ndiye aliyeyanakili maneno kwa Kiswahili juu ya mbao nyembamba zilizolainishwa.

Hapa pana jambo la maana kwa mwanafunzi wa lugha. Maftaa alitoka katika shule ambayo Edward Steere alikuwa akiiandika lugha ya Unguja kwa herufi za Kirumi. Injili ya Mathayo ya Steere ilikwisha chapwa mwaka 1869, na kitabu chake cha sarufi mwaka 1870. Idi alikuwa mtu wa elimu ya Kiislamu na ya herufi za Kiarabu, elimu iliyoingia Buganda pamoja na wafanyabiashara wa pwani tangu miaka ya 1840. Mutesa mwenyewe aliipata elimu hiyo, na kwa muda wa miaka kama kumi alifunga Ramadhani. Kwa hiyo maneno kama nabii, malaika, shetani na injili yalikuwa na mahali pake barazani kabla ya Biblia kuletwa. Mafundisho yalikuwa mageni. Sehemu kubwa ya msamiati wake haikuwa hivyo. Asemaye kwamba Kiswahili cha kuandikwa kilifikishwa Buganda na wamisionari amesahau mkono wa Idi.

Je, masimulizi ya mtu yule yule aliyeyalainisha mauaji ya Bumbire yaaminike katika habari za mbao? Jibu haliwezi kuwa moja kwa sehemu zote. Kuwapo kwa Maftaa kunathibitika nje ya kitabu hicho: alibaki Buganda, akawa mwandishi na msomaji wa barua za Kabaka, na wamisionari wa kwanza wa Church Missionary Society walipowasili Juni 1877 walimkuta. Elimu ya Mutesa pia ina mashahidi wengine. Lakini lile baraza ambamo Mutesa anasemekana kuwauliza wakuu wake wachague kitabu cha Waarabu au cha Wazungu, nao wakachagua cha pili, limesimuliwa na mtu mwenye haja ya kuonyesha ushindi. Gazeti la Daily Telegraph lilikwisha chapa, tarehe 15 Novemba 1875, barua yake ya kuomba wamisionari waende Buganda. Habari ya baraza hilo iliunga mkono ombi lake. Sehemu hiyo yafaa itajwe kuwa ni kauli ya Stanley, isitajwe kuwa ni tukio lililothibitika.

Kanuni hiyo huwatendea haki watu wa pande zote mbili za ziwa. Katika orodha za tafsiri, majina ya Maftaa na Idi yastahili kuandikwa kama majina ya watendaji wa kazi, si kama nyongeza ya jina la msafiri. Na watu wa Bumbire, ambao katika kitabu hicho wameelezwa kwa kalamu ya aliyewapiga, hawakukosa lugha ya kuhifadhia mambo yao. Wahaya wana utenzi wa enanga, ambao M. M. Mulokozi ameuchunguza kwa kirefu, na ndani yake wamo watawala na vita vyao. Mtafiti wa Kiswahili anayeandika juu ya mwaka 1875 yampasa akiweke kitabu cha Stanley mbele ya ushahidi wa namna hiyo kabla ya kukitegemea.