FIDIA KWA JAMAA WA MTU ALIYEUAWA NA MOTOKAA
(Somo la elimu ya watu wazima, kama lilivyosomwa katika radio)

Natumaini kikundi chenu kimekwisha kukusanyika, na mwandishi wenu ana kalamu na karatasi, maana leo kuna hesabu.

Tuseme hapa Kenya mwashi mmoja alipanda matatu asubuhi kwenda kazini. Dereva akajaribu kulipita lori penye kona, matatu ikapinduka, mwashi akafa. Ameacha mke, watoto wawili, na mama yake mzee. Siku ya tatu, watu wangali matangani, anakuja mtu mwenye maneno matamu na karatasi mkononi. Asema, "Pole sana, mama. Pokea fedha hizi za mazishi, nawe utie sahihi hapa, mambo yaishe." Je, mjane atie sahihi? Jibu mtalipata kabla ya somo kwisha.

Kwanza tutazame sheria ilikotoka. Zamani huko Uingereza, mtu aliyevunjwa mguu kwa uzembe wa mwingine aliweza kudai fidia. Lakini akifa, jamaa zake hawakuwa na dai kwa kifo chake. Mwaka 1808 Bwana Baker aliwashtaki wenye gari la farasi lililopinduka, mkewe akaumia na kufa baadaye. Jaji alisema kwamba kifo cha mtu hakiwezi kudaiwa fidia. Basi ikawa kuua ni nafuu kuliko kujeruhi! Treni zilipozidi kuleta ajali, Bunge la huko likatunga sheria mpya mwaka 1846. Kenya nayo inayo sheria ya namna hiyo, nayo ni Sura ya 32.

Sheria hiyo yasemaje? Wanaodaiwa fidia kwa ajili ya kumtegemea marehemu ni mke au mume, wazazi, na watoto. Ndugu zake marehemu hawamo. Tena mgawanyaji ni mahakama, nayo humpa kila mtu kwa kadiri ya hasara iliyompata. Haitazami nani ana sauti kubwa katika ukoo.

Lakini kifo peke yake hakitoshi. Lazima ithibitishwe kwamba dereva alikosa. Na kama marehemu naye alikosa, kwa mfano alivuka barabara bila kutazama, fidia hupunguzwa kwa kadiri ya kosa lake.

Mwenye kushtaki ni msimamizi wa mali ya marehemu. Ikiwa hayuko, au miezi 6 imepita naye hajashtaki, wategemezi wenyewe waweza kushtaki. Muda wote ni miaka 3. Ukipita, mlango umefungwa.

Sasa hesabu. Tuseme mwashi wetu alipata shilingi 15,000 kwa mwezi. Kwa mwaka ni 180,000. Mwenye mke na watoto, mara nyingi mahakama huona kwamba theluthi mbili zilikwenda kwa jamaa yake, yaani 120,000. Kisha jaji hukadiria miaka ambayo angeendelea kuwatunza, tuseme 15. Basi 120,000 mara 15 ni shilingi 1,800,000. Gharama za mazishi nazo zaweza kudaiwa.

Nani atalipa? Kila motokaa iendayo barabarani yapaswa kuwa na bima kwa ajili ya watu wengine. Kampuni ya bima ndiyo hulipa hukumu, lakini sheria haiilazimishi kulipa zaidi ya shilingi 3,000,000 kwa mtu mmoja. Ikizidi hapo, mwenye gari hudaiwa. Tena lazima kampuni ipelekewe notisi ya kesi mapema; ikikosa notisi, yaweza kukataa kulipa. Kwa hiyo mwoneni wakili upesi, na mapatano ya ujira wake yaandikwe.

Haya basi, wekeni vitu hivi: nambari ya gari; abstrakti ya polisi; cheti cha kifo; risiti za mazishi; majina ya walioona ajali; barua ya chifu yenye kutaja jamaa wa marehemu; na karatasi yo yote yenye kuonyesha mapato yake. Fundi asiye na karatasi, waliompa kazi waweza kutoa ushahidi.

Sasa turudi matangani. Mjane asitie sahihi, wala dole gumba. Karatasi ile huenda yasema kwamba amekwisha kulipwa haki yake yote, akajikuta ameuza 1,800,000 kwa gharama ya jeneza. Amwambie mgeni, "Niachie karatasi, nikaisomewe." Mwenye nia njema hatakataa.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi:
1. Mama mzee wa mwashi ana haki gani? Na kaka yake je?
2. Fanyeni hesabu ya mtu aliyepata shilingi 10,000 kwa mwezi, kwa miaka 12.
3. Je, katika kijiji chenu yuko mjane ambaye miaka 3 haijampita? Nani atakwenda kumweleza?

Kwaherini, mpaka somo lijalo.