Mtoto anapokesha akipigana na Warumi

NI saa nane usiku. Chukua mfano wa nyumba moja pale Nshambya, Manispaa ya Bukoba. Majirani wameshazima taa, lakini chini ya mlango wa chumba cha kijana wa kidato cha nne bado kunapita mwanga. Mama anagonga.

“Mwanangu, bado unasoma?”

“Nalala sasa hivi, mama. Warumi wamenizingira, nipe dakika kumi tu.”

Mama hawajui Warumi wa saa hiyo. Anachojua ni kwamba saa 11 alfajiri kijana anatakiwa kuamka kwenda shule, mtihani wa taifa unakaribia, na baba yake ameshatamka kuwa kompyuta ile itauzwa. Wazazi wengi watajiona katika nyumba hii.

Kabla ya kuuza kompyuta, ni vizuri mzazi ajue mtoto anacheza nini. Mfano mmoja ni 0 A.D., gemu la mikakati ya vita vya kale linalopakuliwa bure. Mchezaji huanza na watu wachache, akawatuma kuchuma matunda, kukata miti na kuchimba madini, kisha akajenga mji na kuunda jeshi.

Gemu hilo lenyewe lilitokana na mashabiki. Mwaka 2001 lilikuwa wazo tu la kuibadilisha Age of Empires II, baadaye likawa gemu linalojitegemea, na mwaka 2009 watengenezaji waliruhusu yeyote kuichukua programu yake na kuibadilisha. Ndiyo maana lina modi, yaani mabadiliko na nyongeza zinazotengenezwa na wachezaji wenyewe. Mojawapo ni Delenda Est, jina linalotokana na msemo wa Kilatini wa kutaka mji wa Kartago uangamizwe.

Modi ndiyo inayowachanganya wazazi. Mtoto aliyezoea gemu hulichoka akaliacha. Modi ikiingia, gemu lile lile linakuwa jipya: majeshi mengine, majengo mengine, kanuni nyingine. Na kwa kuwa vifurushi vya intaneti vya usiku huwa nafuu, kupakua na kucheza na wenzake wa mbali husogezwa usiku.

Usingizi ndio unaoibwa

Kiafya, hasara ya kwanza iko kwenye usingizi. Kijana wa miaka 13 hadi 18 anahitaji kulala saa 8 hadi 10. Anayelala saa nane usiku na kuamka saa 11 alfajiri amepata saa tatu tu. Mwanga wa skrini huchelewesha homoni inayoleta usingizi, na ubongo uliotoka vitani hautulii mara tu kompyuta inapozimwa. Kesho yake kijana anasinzia darasani, anasahau alichosoma na anakuwa na hasira za karibu.

Je, huo ni ugonjwa? Si lazima. Shirika la Afya Duniani (WHO) limeuweka uraibu wa gemu kwenye orodha yake ya magonjwa, iliyoanza kutumika Januari 2022, lakini linasema unawapata wachezaji wachache tu. Dalili zake ni tatu: mtu anashindwa kujizuia, gemu linatangulia mbele ya kila kitu kingine, na anaendelea kucheza hata anapoona madhara. Kwa kawaida hali hiyo iwe imedumu miezi 12 au zaidi, na iwe imevuruga masomo, kazi au uhusiano na watu. Mzazi anayeona dalili hizo ampeleke kijana hospitali akazungumze na mhudumu wa afya ya akili. Viboko si tiba yake.

Kwa wengine wote, kinachohitajika ni makubaliano. Hapa kuna jambo ambalo wazazi wengi hawalijui: mechi moja inaweza kuchukua nusu saa au ikapita saa nzima. Anayecheza peke yake anaweza kuihifadhi na kuiendeleza kesho. Anayecheza na wenzake kwenye intaneti akitoka ghafla amewaangusha. Amri ya “zima sasa hivi” ni sawa na kumtoa mtu kwenye bao wakati kete ziko mkononi. Afadhali mkubaliane idadi ya mechi kabla hajaanza, tena za wenzake ziwe mwisho wa wiki mchana.

Usiku kompyuta na simu zilale sebuleni, na za wazazi pia. Kila dakika 20 mchezaji atazame kitu kilicho umbali wa mita 6 hivi kwa sekunde 20, macho yapumzike. Na kila siku apate angalau saa moja ya kuushughulisha mwili. Vilima vya Nshambya ni mazoezi tosha.

Muulize anapigana na nani

Jambo la mwisho halina gharama: kaa karibu naye siku moja, umuulize anaongoza jeshi gani. Huenda ukashangaa. Mwaka 2018 gemu hili liliongezewa Wakushi, Waafrika wa ufalme uliokuwa katika Sudan ya leo. Mmoja wa mashujaa wao ni Amanirenas, malkia aliyepigana na Warumi kweli, miaka ishirini na kitu kabla ya Kristo.

Mji wa Wakushi, Meroe, ulijulikana kwa kuyeyusha chuma. Ulikuwa kando ya Nile, mto ambao sehemu ya maji yake hutoka Mto Kagera kupitia Ziwa Victoria. Na huku Buhaya, huko Katuruka, Maruku, mwanaakiolojia Mmarekani Peter Schmidt alifukua mabaki ya tanuru za chuma za zaidi ya miaka 2,000 iliyopita. Wakati Meroe ikifua mikuki yake, mababu wa huku nao walikuwa na chuma chao.

Kijana anayejua silaha za Roma huenda hajawahi kufika Katuruka, na kutoka Nshambya si mbali. Baba anayetaka kuuza kompyuta angeweza kuanzia hapo: Jumamosi moja, mtoto na mzazi, safari ya Maruku. Wakirudi jioni, kijana amechoka kwa kutembea, na saa tatu usiku taa ya chumba chake imeshazimwa.