Kitabu kipi cha wasanifu kinamfaa mjenzi wa Moshi?

Mtu wa Moshi anayetaka kitabu cha wasanifu majengo wa kisasa na nyumba walizobuni ana njia tatu: akiagize ng'ambo, akiagize Dar es Salaam, au akipakue bure. Bei za njia hizi zimeachana mbali mno. Kilicho ghali zaidi, tena, sicho kitakachomfaa anayepanga kujenga kihambani Kibosho au Marangu ili wanawe wakija Desemba wapate pa kulala.

Tuanze na ng'ambo, maana ndiko macho yanakokimbilia. African Modernism, kilichohaririwa na Manuel Herz na wenzake na kutolewa na Park Books mwaka 2015, ni kitabu kizuri kweli. Kina kurasa 640 na picha zinazomfanya mtu akae kitako. Lakini nchi zake ni tano: Ghana, Senegal, Côte d'Ivoire, Kenya na Zambia. Tanzania haimo, na majengo yake mengi ni ya umma: vyuo, mabunge, hoteli, benki. Anayetafuta nyumba ya kuishi atafunua kurasa nyingi kabla hajaipata. Juu ya hayo ni kizito, na gharama ya kusafirisha hupanda kwa uzito. Afueni ipo kwenye forodha: katika ushuru wa pamoja wa Afrika Mashariki, vitabu vilivyochapishwa viko kwenye asilimia 0. Hata hivyo, waulize TRA au Posta kuhusu tozo nyingine kabla ya kulipa, si baada ya mzigo kufika.

Kwa Tanzania yenyewe, mwongozo wa DOM publishers wa Philipp Meuser na Adil Dalbai, wa mwaka 2021, umeenda mbali zaidi. Una majuzuu 7, kurasa zipatazo 3,400 na majengo 850 kutoka nchi 49 za Afrika kusini mwa Sahara. Seti nzima ilitangazwa kwa euro 148, yaani karibu shilingi laki nne kabla ya usafiri. Kwa mtu mmoja ni fedha nyingi. Kwa maktaba ya shule ya sekondari au chuo cha ufundi ni bei nafuu ukiigawa kwa wasomaji wa miaka kumi. Tanzania imo katika juzuu la 5, kwa hiyo muulize muuzaji kama atakuuzia hilo peke yake.

Vinavyoshawishi zaidi kwa bei ni vile vidogo vya Taschen, kila kimoja kwa msanifu mmoja: Le Corbusier, Frank Lloyd Wright, Mies van der Rohe, Alvar Aalto. Vina kurasa 96, na bei yake huzunguka dola 15 hadi 20, sema shilingi elfu 40 hadi 50 kabla ya posta. Kwa mwanafunzi ni mwanzo mwema. Mjenzi nataka aende navyo taratibu. Villa Savoye ya Le Corbusier, iliyokamilika mwaka 1931 huko Poissy karibu na Paris, inapendeza kwenye kila picha, ila paa lake la bapa lilivuja, na mwenye nyumba aliandika barua za kulalamika. Kama paa lile lilishindwa na mvua za Paris, sioni litakavyohimili masika ya Machame.

Jua nalo halifanani. Huko kaskazini msanifu hufungua vioo upande wa kusini ili jua la baridi kali liingie ndani. Moshi iko karibu nyuzi 3 tu kusini mwa Ikweta, na jua hupita karibu na utosi mwaka mzima. Kuta za kaskazini na kusini unazikinga kwa ukingo wa paa uliotokeza vizuri. Zinazounguza nyumba ni za mashariki na magharibi, kwa sababu jua la asubuhi na la alasiri huja limeinama na kupita chini ya ukingo. Anayenakili nyumba ya vioo kutoka kwenye picha bila kujua kaskazini yake iko wapi, atalipia mapazia na feni maisha yake yote.

Hapo ndipo ninapomleta Ernst May, msanifu aliyebuni jengo chini ya jua hili hili la Moshi, na ningependa kila Mmoshi amjue. Kati ya 1925 na 1930 Mjerumani huyu aliongoza ujenzi wa maelfu ya nyumba za watu wa kawaida mjini Frankfurt. Ni katika mradi huo ambamo Margarete Schütte-Lihotzky alibuni, mwaka 1926, jiko dogo lililopangwa hatua kwa hatua kumpunguzia mpishi mwendo. May alifika Tanganyika mwaka 1934, akalima karibu na Arusha, kisha akafungua ofisi Nairobi. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alibuni jengo la KNCU katikati ya Moshi. Aliyemwajiri hakuwa serikali wala tajiri mmoja. Ulikuwa ushirika wa wakulima wa kahawa wa Kilimanjaro, ulioanzishwa mwaka 1933. Msanifu anayesomwa katika vyuo vya Ulaya alilipwa kwa kahawa ya vihamba vyetu!

Kitabu kikubwa juu yake, Ernst May 1886–1970, kilitolewa na Prestel mwaka 2011 na kimeandikwa kwa Kijerumani. Asiyesoma lugha hiyo analipia picha na michoro tu, nami simshauri akinunue. Jengo lenyewe la KNCU halina kiingilio cha kulitazama kutoka barabarani. Nenda saa nane mchana, uone kivuli kinaangukia wapi na madirisha yamekaa upande gani.

Dar es Salaam kuna chaguo jepesi mfukoni. Street Level cha Sarah Markes, kilichotolewa na Mkuki na Nyota mwaka 2011, ni michoro ya mkono ya majengo ya jiji hilo, ya zamani na ya kisasa. Hakitakufundisha kujenga, lakini kitakufundisha kutazama baraza, nakshi na kona za mtaa. Usafiri wake ni rahisi: muuzaji anakikabidhi kwenye basi, wewe unakichukua stendi ya Moshi.

Sasa vya bure, ambavyo kwangu ndivyo vya kwanza. Jumba la makumbusho la MoMA, New York, limeweka vitabu vyake vingi vya zamani kwenye tovuti yake. Pakua If You Want to Build a House cha Elizabeth Mock, cha mwaka 1946. Kinamlenga anayepanga kujenga nyumba yake mwenyewe. Chukua pia Architecture Without Architects cha Bernard Rudofsky, cha 1964, kinachoheshimu majengo ya watu wasio na shahada. Aliyewahi kuingia ndani ya msonge wa Kichagga ataelewa upesi anachokisema. Hassan Fathy wa Misri yumo kupitia Natural Energy and Vernacular Architecture cha 1986, kilichowekwa mtandaoni na Chuo Kikuu cha Umoja wa Mataifa. Hicho kiliandikwa kwa nchi za joto kavu, kwa hiyo kitamsaidia zaidi anayejenga Himo au kuelekea uwanja wa ndege wa KIA kuliko aliye juu kwenye migomba na ukungu. Archnet nayo ina matoleo ya jarida la Mimar, lenye ramani za nyumba za Asia na Afrika.

Kusoma ramani kwenye simu kunachosha. Steshenari nyingi huchapa kwa shilingi 100 hadi 200 kwa ukurasa, hivyo kitabu cha kurasa 96 kitakula kati ya 9,600 na 19,200. Chapa kurasa zenye michoro tu, nusu ya fedha hiyo ibaki mfukoni.

Kabla ya kulipia chochote, hata cha mtumba, fungua kurasa za katikati. Ukikuta ramani ya chumba kwa chumba, mchoro wa mkato unaoonyesha kimo cha dari na ukingo wa paa, na mshale wa kaskazini, kitabu hicho kina kazi ya kukufanyia. Ukikuta picha za jioni tupu, taa zimewashwa na hakuna kipimo, kirudishe rafuni.

Mwenye elfu 20 achape Mock na sehemu za Fathy. Mwenye elfu 70 aongeze Street Level. Mwenye laki nne na kiwanja tayari, namsihi asimalizie zote kwenye vitabu: apeleke michoro aliyoipenda kwa msanifu aliyesajiliwa na Bodi ya Usajili wa Wabunifu Majengo na Wakadiriaji Majenzi, na fedha hiyo iwe malipo ya mazungumzo ya kwanza.