Sokwe anapoonyesha meno katika filamu, huenda anaogopa

Sokwe mchanga amevalishwa suruali, anafunua meno mbele ya kamera, na watazamaji wanaangua kicheko. Wataalamu wa tabia za wanyama wanasema uso huo mara nyingi ni wa hofu. Sokwe anayecheza kwa furaha huachama tu, meno ya juu yakibaki yamefunikwa.

Huko Marekani mjadala kuhusu wanyama wa filamu ni wa zamani. Mwaka 1939, katika filamu ya Jesse James, farasi alitumbukizwa majini kutoka juu ya genge, akafa. Watu walikasirika, na shirika la American Humane likaanza kusimamia wanyama huko Hollywood. Tangazo linaloonekana mwishoni mwa filamu nyingi, kwamba hakuna mnyama aliyedhuriwa, linatoka kwao. Lakini wasimamizi hao huwepo hasa wakati wa kupiga picha, na mafunzo hufanyika miezi kadhaa kabla, kwingine kabisa.

Mbwa au farasi anaweza kufundishwa vizuri bila kiboko: akifanya sawa anapewa chakula papo hapo, akichoka anapumzishwa. Kwa sokwe jambo ni gumu zaidi. Ili amzoee binadamu, huondolewa kwa mama yake angali mdogo. Akifikia miaka minane hivi anakuwa na nguvu za kuogopesha, na kazi ya sinema inaisha. Bado ana miaka thelathini au arobaini ya kuishi, na mtu fulani lazima amlishe. Hapo hata mwalimu mpole hana dawa.

Njia nyingine ipo. Katika Rise of the Planet of the Apes ya mwaka 2011 hakutumika sokwe hai hata mmoja. Mwigizaji Andy Serkis alicheza, kompyuta zikambadilisha sura. Hata filamu ya Congo ya mwaka 1995, yenye kisa kinachotokea humu nchini, ilitumia watu waliovaa ngozi bandia za gorila.

Kwa Wakongomani hili si la mbali. Utafiti uliotolewa mwaka 2008 katika jarida la Science ulionyesha kwamba kuona sokwe kwenye sinema na matangazo huwafanya baadhi ya watu wadhani hawamo hatarini. Wakati huohuo, kituo cha Lwiro, Kivu Kusini, kinalea sokwe yatima ambao mama zao waliuawa na wawindaji.

Filamu ya Virunga ya mwaka 2014 ilikwenda kwa gorila yatima wa Rumangabo, ikawapiga picha wakiwa na walezi wao katika maisha ya kila siku. Hakuna aliyewafundisha kuigiza. Mmoja wao, Ndakasi, alikutwa mwaka 2007 akiwa ameng'ang'ania maiti ya mama yake. Alifariki mwaka 2021, akiwa mikononi mwa mlezi wake, André Bauma.